Ukoo wa Wafalme, Kidato cha Tatu B

Mvua ya Tukuyu haibishi hodi.
Inatua juu ya bati, na sauti ya mwalimu inazama.
Basi Jumanne ile, kipindi cha tatu,
niliacha kusema, nikachora.

Juu kabisa ya ubao nikamweka bibi,
mjane mfupi, miaka arobaini katika nguo nyeusi,
kila jioni akiagiza maji ya moto
yapelekwe chumbani kwa marehemu, anyoe.
Chini yake watoto tisa. Nikavuta mistari:
huu ukaolewa Berlini,
huu ukazaa binti wa kwenda kuolewa Urusi,
huu ukabaki nyumbani ukingoja kiti
mpaka ukazeeka.

Wajukuu nao.
Wa kwanza, mkono wa kushoto mfupi tangu kuzaliwa;
pichani anauficha kwa glavu na mpini wa upanga.
Mwingine, na mkwe wa Urusi,
wamefanana ndevu kwa ndevu, jicho kwa jicho,
siku moja wakabadilishana sare kwa mzaha
wakapigwa picha.
Waliandikiana barua kwa majina ya utotoni.

Chaki ilikatika nilipofika kwa binamu wa Ubelgiji,
yule wa ndevu pana kama jembe jipya,
aliyeimiliki Kongo
kama mtu anavyomiliki mgomba wa uani,
ila mgomba mwenyewe huutembelea.
Yeye hakwenda kuiona hata siku moja.

Darasa likanakili. Harufu ya sweta mbichi.
Kisha Tusekile, dawati la dirishani,
akanyoosha kalamu badala ya mkono:
"Mwalimu, hawa wote ni ndugu?"
Ndugu.
"Sasa ukoo haukukaa?"

Wakacheka. Yeye hakucheka.
Kwao Kyimbila baba zake wakubwa walikaa siku tatu
kwa ajili ya mparachichi mmoja wa mpakani,
na hakuna aliyeruhusiwa kwenda kwake kulala
kabla maneno hayajaisha.

Nikasema: walikaa, kwenye harusi.
Walikaa kwenye misiba; msiba mmoja
wafalme tisa walipanda farasi pamoja,
manyoya kofiani, medali zikilia kama njuga.
Miaka minne baadaye ndipo wakapigana.

"Wapiganapo tembo," akaanza mtu wa nyuma,
nikamkata: nyamaza, Andengenye.
Babu yake baba yangu hakuwa nyasi.

Aliitwa Kasyupa.
Alichukuliwa shambani, tope la magimbi vidoleni,
akatwishwa kreti la risasi kutoka Mwaya,
apande nalo milima mpaka Njombe,
risasi za mjukuu mwenye mkono mfupi.
Njiani upande ule mwingine ukawateka.
Hawakuwapiga. Waliwahesabu,
wakawageuza,
akashuka milima ileile amebeba kreti
la binamu.

Alipofika kwake, mabega yamechunwa kama muwa,
watu walimuuliza nani ni nani katika vita hii.
Hakujua. Alisema makreti yale
uzito wake ulikuwa mmoja.

Hayo sikuyaandika ubaoni. Hayamo katika mtaala,
na chaki iliyobaki ilikuwa kama punje ya hindi.
Tusekile alikuwa ameshafungua ukurasa mpya,
anatazama, anangoja nimwonyeshe
mstari wa Kasyupa uanzie wapi.

Kengele ikalia.
Mwalimu Mwasyoge wa hisabati akaingia na rula yake ndefu,
akawafuta kwa kiganja, bibi kwanza,
kisha wana, kisha wajukuu na farasi wao,
akapiga chafya mara mbili,
akajipangusa vumbi lao kwenye suruali,
akaandika: *Tafuta thamani ya x.*